Chuo kimesogeza mtihani bila tarehe: ufanye nini ukiwa Tanga

"Mitihani ya mwisho wa muhula imeahirishwa hadi hapo mtakapotangaziwa."

Tangazo la namna hiyo nimeonyeshwa kwenye simu mara nyingi, hapa hapa steshenari ya Ngamiani ninapowaandikia watu barua. Mwenye simu huegemeza baiskeli ukutani, hufuta jasho, kisha huuliza: naweza kukishitaki chuo? Unaweza. Ila swali hilo limewahi mno. Kabla yake lipo jingine: chuo kimechelewa tangu lini? Hapo wengi hunyamaza, kwa sababu "hadi hapo mtakapotangaziwa" haina tarehe, na sheria haihesabu kitu kisicho na tarehe. Kazi yako ya kwanza ni kuutia ucheleweshaji huo tarehe. Mengine yanafuata.

Haya nayasema kwa kuwa yalinikuta. Nikiwa mwaka wa pili, chuo nilichosoma, ambacho jina lake nalihifadhi, kilisogeza mitihani majuma tisa. Tulilalamika kwenye grupu la WhatsApp mpaka simu zikaishiwa chaji, tukamtuma CR, yaani mwakilishi wa darasa, kwa mshauri wa wanafunzi mara nne. Barua hatukuandika hata moja. Baadaye nilipokwenda kudai kodi ya chumba ya miezi miwili niliyolipa bila kusoma wala kupumzika, nikaulizwa kama tuliwahi kulalamika rasmi. Hasira nilikuwa nazo tele, karatasi sikuwa nayo.

Hatua ya 1: Jua nani amesogeza, na kwa nini

Chuo kikuu kiko chini ya Tume ya Vyuo Vikuu Tanzania, TCU, iliyoanza Julai 2005 kwa Sheria ya Vyuo Vikuu, Sura ya 346. Chuo cha kati cha astashahada na stashahada kiko chini ya NACTVET, baraza la taifa la elimu na mafunzo ya ufundi. Kwa Tanga tofauti hii si ndogo, maana wanafunzi wetu wengi hawako vyuo vikuu: kuna kampasi ya Chuo cha Utumishi wa Umma, kuna vyuo vya afya, kuna chuo cha mifugo Buhuri. Ukipeleka lalamiko la diploma TCU utarudishwa, na wiki mbili zimeshapotea. Tena baadhi ya mitihani ya vyuo vya afya hutungwa kitaifa, kwa hiyo mkuu wako wa chuo anaweza kuwa anasubiri kama unavyosubiri wewe.

Jua pia kama chuo ni cha umma au cha binafsi. Kila nitakachosema kuhusu mahakama kinagawanyika hapo.

Halafu sababu. Machi 2020 vyuo vilifungwa nchi nzima kwa ajili ya korona, vikafunguliwa tarehe 1 Juni. Kwa kuchelewa kule huna wa kumdai, kwani Sheria ya Mikataba, Sura ya 345, inatambua kwamba lipo jambo linaloweza kutokea likafanya ahadi isitekelezeke. Lakini "mfumo haujafunguliwa", "wahadhiri hawajaleta maswali" au "wasimamizi wanadai posho zao" ni mambo ya nyumbani kwa chuo. Hayo hayakuhusu wewe uliyelipa ada.

Kama ni wewe peke yako uliyezuiwa kwa sababu ya ada au koswek (alama za kazi na majaribio ya muhula) kutotimia, suala lako ni jingine. Anza na ofisi ya fedha au mkuu wa idara, mwongozo huu si wako.

Hatua ya 2: Kusanya kabla hawajabadilisha

Pakua almanaka ya chuo leo. Nimewahi kuona almanaka ikibadilishwa usiku, tarehe ya zamani ikafutika kama haikuwahi kuwapo. Ihifadhi yenyewe, na piga picha ya skrini inayoonyesha siku uliyoipakua. Weka pamoja prospektasi, kanuni za mitihani, barua ya udahili, muundo wa ada na risiti zote za namba ya malipo. Hizo kwa pamoja ndizo mkataba wako na chuo, hata kama hakuna mahali mliposaini karatasi iliyoandikwa "mkataba".

Matangazo ya WhatsApp usiyafute kwenye simu hata kama umeyachapisha. Sheria ya Miamala ya Kielektroniki ya 2015 inaruhusu ushahidi wa simu na kompyuta, ila mahakama hutaka kujua ulitoka wapi na ulitunzwaje. Simu yenye ujumbe wenyewe ni bora kuliko picha ya ujumbe iliyopitia kwa watu sita.

Kisha fungua daftari la hasara. Usiandike "nimeteseka sana". Andika: tarehe, kiasi, risiti. Kodi ya chumba Makorora. Nauli ya kwenda Handeni na kurudi baada ya kuitwa mtihani ukaahirishwa tena. Na bumu: tangu mwaka wa masomo 2022/2023 posho ya chakula na malazi ya mnufaika wa Bodi ya Mikopo ni Sh 10,000 kwa siku, ikitoka Sh 8,500. Posho hiyo huhesabiwa kwa siku za muhula, kwa hiyo siku 45 ulizokaa nje ya hesabu ni Sh 450,000 ulizokula kutoka mfukoni kwako, au kwa mangi kwa mkopo. Tanga husemwa waja leo waondoka leo. Mwanafunzi wa kupanga yeye alikuja kwa muhula mmoja, na kuondoka kwake hakujulikani.

Hatua ya 3: Barua yenye mhuri

Hapa nitakaa kidogo.

Watu hudhani barua ni adabu tu, njia ya kumwomba mkubwa kabla ya kumshitaki. Kumbe kwa chuo cha umma barua ni sharti la kisheria. Katika shauri moja la Bukoba lililoripotiwa mwaka 1986, Mahakama Kuu iliweka masharti ya kutoa amri ya kumlazimisha mtendaji wa umma kutimiza wajibu wake, amri ambayo mawakili huiita mandamus. Sharti mojawapo ni kwamba mwombaji awe ameshadai wajibu huo utimizwe, na mtendaji awe amekataa. Mawakili wanalinukuu hadi leo. Kama hukudai, hukukataliwa. Na kama hukukataliwa, huna la kupeleka mahakamani.

Sasa utaonaje kukataliwa na mtu asiyejibu? Unampa muda. Barua iwe ya ukurasa mmoja, iende kwa Makamu Mkuu wa Chuo au Mkuu wa Chuo, nakala kwa mshauri wa wanafunzi na serikali ya wanafunzi. Mimi huandika hivi:

"Mimi ni mwanafunzi wa mwaka wa ___, namba ya usajili ___. Kwa mujibu wa almanaka ya mwaka wa masomo ___, mitihani ya muhula wa ___ ilipaswa kuanza tarehe ___. Hadi leo tarehe ___ haijafanyika, na tangazo la tarehe ___ halikueleza sababu wala tarehe mpya. Naomba nijulishwe kwa maandishi, ndani ya siku 14 tangu kupokelewa kwa barua hii: sababu ya kuahirisha, tarehe mpya ya mitihani, na utaratibu kwa wanafunzi wa mkopo kuhusu siku zilizoongezeka. Muda huo ukipita bila jibu, nitalihesabu ombi langu kuwa limekataliwa na nitafuata hatua nyingine za kisheria."

Siku 14 hizo hazimo katika sheria yoyote, ni muda ambao mtu mwenye akili timamu atauona unatosha. Usiandike siku tatu kwa kiburi, wala mwezi mzima kwa huruma. Matusi, herufi kubwa na "sisi kama wanyonge" viache nyumbani.

Chapisha nakala mbili. Nenda asubuhi, masjala haijajaa. Sekretari atakwambia, "Iache hapo mezani, nitampa bosi." Usiiache. Msalimie vizuri, "Shikamoo mama," kisha: "Naomba unigongee mhuri kwenye nakala yangu, ndiyo kumbukumbu yangu." Mhuri wa IMEPOKELEWA ukigongwa, angalia tarehe yake hapo hapo. Niliwahi kuletewa nakala yenye mhuri ambao tarehe yake haikuzungushwa tangu Ijumaa iliyopita. Barua ikaonekana imepokelewa kabla haijaandikwa. Ilibidi kijana arudi, akapigiwa kelele, lakini akagongewa upya. Kama kuna kitabu cha dispachi, hakikisha namba ya barua yako imeandikwa humo.

Akikataa kabisa kugonga? Tuma kwa rejista Posta na utunze stakabadhi. Tuma nakala kwa barua pepe rasmi ya chuo. Na siku uliyokataliwa, andika saa, ofisi na waliokuwapo. Ndiyo maana nashauri usiende peke yako.

Kuanzia siku ya mhuri, kuchelewa kwa chuo kuna tarehe.

Kuna barua ya pili ambayo wachache huitumia. Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa ya 2016 inaitaka taasisi ya umma inayoshikilia taarifa ijibu ombi ndani ya siku 30. Kwa sheria hiyo unaweza kuomba nakala ya uamuzi wa seneti au kamati iliyoahirisha mitihani. Mara nyingi uamuzi huo haupo, mtu mmoja alipiga simu tu. Ukijua hilo mapema, umeshika pazuri.

Hatua ya 4: Ngazi za ndani

Pitia kamati ya malalamiko au rufaa iliyotajwa kwenye kanuni za chuo, hata kama huna imani nayo. Majaji wetu huuliza kwanza kama ulimaliza njia za ndani. Itumieni pia serikali ya wanafunzi, muhtasari wa kikao chao na chuo ni ushahidi mzuri. Lakini barua yako binafsi ibaki, kwani rais wa wanafunzi anaweza kubadilika moyo ifikapo Jumatano.

Hatua ya 5: Nje ya chuo, bila mahakama

Siku 14 zikipita, peleka lalamiko TCU au NACTVET. Ambatisha barua yenye mhuri, almanaka na tangazo. Omba jambo moja linalotekelezeka: chuo kiagizwe kutoa tarehe na kuzingatia almanaka yake. Wanaoandika kurasa tano za historia ya ubovu wa chuo, kuanzia vyoo hadi chakula cha kantini, hujibiwa kwa kuchelewa, na mimi siwalaumu wanaojibu.

Kwa chuo cha umma ipo pia Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, iliyotajwa katika Ibara ya 129 ya Katiba. Ucheleweshaji usio na maelezo ni suala la utawala bora, na kupeleka lalamiko ni bure. Ila Tume haichunguzi jambo ambalo liko mahakamani tayari, kwa hiyo anza nao kabla ya mahakama.

Msomaji aliyevuka Horohoro kwenda kusoma Mombasa ana njia yake. Katiba ya Kenya ya 2010, Ibara ya 47, inampa kila mtu haki ya kufanyiwa maamuzi ya kiutawala kwa haraka na kwa haki, na kupewa sababu kwa maandishi pale uamuzi unapomwathiri. Katiba yetu ya 1977 inataja elimu katika Ibara ya 11, lakini ibara hiyo imo kwenye sehemu ambayo Ibara ya 7 inasema haiwezi kudaiwa mahakamani. Nalitaja kwa sababu kila mwezi naletewa rasimu inayoanza na "kwa kuvunjiwa haki yangu ya elimu, Ibara ya 11". Iondoe. Simama juu ya almanaka na mkataba wako.

Hatua ya 6: Mahakamani

Jiulize unataka nini: tarehe ya mtihani au pesa? Ni milango miwili tofauti, na anayebisha yote kwa mkono mmoja hufunguliwa kwa shida.

Ukitaka tarehe na chuo ni cha umma, njia ni mapitio ya mahakama, yaani kumwomba jaji aukague uamuzi au ukimya wa chuo, chini ya Sura ya 310 ya sheria zetu na kanuni zake za 2014. Unaanza Mahakama Kuu, na Tanga tunayo masjala yake, huna haja ya kwenda Dar es Salaam. Kwanza unaomba kibali, ukiambatisha maelezo na hati ya kiapo. Ombi la kibali lazima liingie ndani ya miezi 6 tangu kitendo au kutotenda unakolalamikia. Usisubiri mwezi wa sita uanze kubishana ni siku gani ya kuanzia. Hesabu kutoka tarehe ya almanaka, ndiyo ya mapema zaidi, na hutajuta. Kibali kikitolewa, una siku 14 kufungua maombi yenyewe. Mwanasheria Mkuu wa Serikali huunganishwa kama mhusika, na jina lake kwenye karatasi za mahakama lisikutishe.

Fahamu mipaka. Jaji hatatunga mtihani wala hatakusahihishia. Anachoweza ni kukiamuru chuo kitimize wajibu wake. Uzoefu wangu ni kwamba vyuo vingi hutoa tarehe mara tu wakili wao anaposoma ombi la kibali, na shauri huishia hapo. Kama lengo lako lilikuwa kufanya mtihani, umeshapata.

Ukitaka pesa kutoka chuo cha umma, hiyo ni kesi ya madai, na sheria ya mashauri dhidi ya Serikali, Sura ya 5, inataka notisi ya siku 90 kwanza, nakala kwa Mwanasheria Mkuu na Wakili Mkuu wa Serikali. Tangu marekebisho ya 2020 utaratibu huu umegusa pia mashirika ya umma, na watu wengi wamefukuziwa kesi kwa kuliruka hilo. Siku 90 ni ndefu kuliko muhula uliobaki, ndiyo maana nasema tarehe na pesa visichanganywe.

Chuo cha binafsi ni rahisi kidogo: ni mkataba, na notisi ya siku 90 haihusiki. Chini ya Sura ya 345, aliyevunja mkataba hulipa hasara iliyotokana moja kwa moja na uvunjaji huo. Kodi ya miezi ya ziada, nauli, ada ya muhula uliorudiwa, hayo yanaingia. "Ningepata kazi ya milioni mbili" ni vigumu, labda uwe na barua ya ajira yenye tarehe ya kuripoti. Pia utaulizwa ulifanya nini kupunguza hasara. Kama ungeweza kukaa kwa shangazi Chumbageni bure na ukachagua kupanga Raskazone kwenye upepo wa bahari, usitegemee kulipwa yote. Madai ya mkataba yana miaka 6. Kiasi unachodai ndicho kinachoamua mahakama ipi. Karani wa masjala atakuelekeza, hatakuchaji kwa kumuuliza.

Mkiwa wengi, usifungue kila mtu yake. Wachache wanaweza kuomba ruhusa ya mahakama kuwawakilisha wenzao wenye malalamiko yale yale. Muwe na orodha yenye majina, namba za usajili na saini za kalamu. Zile alama za dole gumba kwenye WhatsApp si saini.

Kuhusu gharama na lugha: Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 ndiyo inayotambua wasaidizi wa kisheria na asasi zinazosaidia bure asiye na uwezo. Ofisi ya ustawi au maendeleo ya jamii ya halmashauri inawajua waliosajiliwa. Asiye na uwezo kabisa anaweza kuomba mahakama imsamehe ada ya kufungua shauri. Na tangu marekebisho ya 2021 Kiswahili ni lugha ya sheria na mahakama, kwa hiyo hati yako ya kiapo iandike kwa lugha unayoota nayo. Ukinukuu vifungu, tumia toleo la sheria la 2023 lililoanza kutumika Julai 2025, namba nyingi zimesogea. Ukiwa na shaka taja Sura tu.

Mambo mawili ya kuepuka

La kwanza, mgomo. Kanuni za vyuo karibu zote zinauhesabu kuwa kosa la nidhamu, na maandamano nje ya geti yanahitaji taarifa polisi saa 48 kabla. Ukisimamishwa masomo kwa mgomo, mtihani ukitangazwa kesho wewe hutakuwamo. Nimeona hilo mara mbili, na mara zote mbili aliyesimamishwa ndiye aliyekuwa na hoja nzuri kuliko wenzake.

La pili, uvumi. "Nasikia pesa za mitihani zimeliwa na fulani." Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 ina adhabu ya faini isiyopungua Sh milioni 5 au kifungo kisichopungua miaka 3 kwa anayechapisha taarifa za uongo kwa kujua. Kwenye grupu sema tu kilichomo kwenye karatasi zako.

Tarehe ikitoka

Isome yote, kisha tazama kama jina lako limo kwenye orodha ya watahiniwa. Baada ya kuahirisha, orodha huchapishwa upya na watu hudondoka. Muulize ofisa mikopo kwa maandishi kama matokeo yatafika Bodi kabla ya malipo ya mwaka unaofuata, kwa sababu wanafunzi wanaoendelea hulipwa baada ya matokeo kupokelewa. Wa mwaka wa mwisho mwenye tangazo la kazi linalofunga wiki ijayo aombe chuo barua inayoeleza kwamba mitihani ilicheleweshwa na chuo, si na yeye. Vyuo huitoa bila ubishi, ukishaomba. Nayo igongwe mhuri, na uangalie tarehe yake kabla hujaondoka dirishani.